Mpima kwanza, wakili baadaye: jinsi ya kutumia upimaji kumaliza mgogoro wa kiwanja

Watu wawili wakigombania ardhi, wa kwanza kutafutwa huwa ni wakili, wa pili mwenyekiti wa mtaa. Mpima huitwa mwishoni kabisa, ukuta ukiwa umeshafika kozi ya sita na majirani hawasalimiani tena. Utaratibu huo ni ghali na mara nyingi hauna sababu. Kesi nyingi za viwanja, ukiziondolea matusi na historia ya ukoo, zinabaki na swali moja: mpaka unapita wapi? Swali hilo mpima mwenye kumbukumbu sahihi hulijibu kwa siku moja uwandani.

Lakini kuna swali la pili, na hapo ndipo watu wanapomtwisha mpima mzigo usio wake: kiwanja ni cha nani? Mpima hata aje na mashine ya gharama kiasi gani hawezi kulijibu hilo. Anachoweza kusema ni kwamba hati hii inahusu kipande hiki cha ardhi, kutoka hapa mpaka pale, na ukuta huu umeingia ndani yake kwa mita kadhaa. Umiliki huamuliwa na nyaraka, mashahidi na Baraza la Ardhi na Nyumba. Ukilishika hilo tangu mwanzo, utaokoa fedha nyingi.

Mwongozo huu unahusu Tanzania Bara. Zanzibar ina sheria zake za ardhi. Msomaji wa Kenya naye ajue kwamba Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012, kifungu cha 18, inazuia mahakama kusikiliza kesi ya mpaka wa ardhi iliyosajiliwa kabla mpaka wenyewe haujaamuliwa kwa utaratibu wa kifungu hicho, ambao unaanzia kwa Msajili wa Ardhi. Kwetu Bara hakuna anayekulazimisha kuanza huko. Ni wewe mwenyewe uwe na akili ya kuanza huko.

Hatua ya 1: Jua mnagombania nini hasa

Kabla hujatoa hata shilingi, weka mgogoro wako kwenye kundi mojawapo kati ya haya matatu.

Mgogoro wa mpaka: wewe una kiwanja chako, jirani ana chake, hakuna anayemkatalia mwenzake umiliki, ila hamkubaliani mstari unapita wapi. Huu ni wa mpima, karibu asilimia mia.

Mgogoro wa umiliki: wawili mnadai kiwanja kilekile. Pengine baba aliuza mara mbili, pengine halmashauri iligawa mara mbili, pengine mtu alinunua kwa asiyekuwa mmiliki. Mpima atasaidia kuthibitisha kwamba kweli mnazungumzia ardhi moja, kisha kazi inahamia kwa mwanasheria.

Kundi la tatu watu wengi hawalijui, nalo ndilo ninalolipenda kwa sababu huisha bila mshindi wala mshindwa. Unaonekana kama mgogoro wa umiliki, kumbe ni viwanja viwili tofauti. Mmoja ana Kiwanja Na. 214 Kitalu C, mwingine ana Kiwanja Na. 214 Kitalu C, wote wana barua za toleo (barua za kugawiwa kiwanja), wote wanaapa. Ukizitazama vizuri, Kitalu C cha mmoja ni cha eneo jingine lenye jina linalofanana, au ni cha mchoro wa zamani uliobadilishwa, na mtu huyo ameonyeshwa kiwanja cha mwenzake na dalali aliyekuwa na haraka ya kupata asilimia kumi yake. Haya hutokea sana kwenye maeneo yaliyopimwa kwa wingi kwa wakati mmoja. Dar es Salaam, Mradi wa Viwanja 20,000 ulioanza miaka ya mwanzo ya 2000 ulizalisha vitalu vingi sehemu kama Kibada, Buyuni na Toangoma, na wengi waliogawiwa hawakujenga kwa miaka mingi. Mwenye kiwanja anarudi na mafundi, pori limeota, mawe ya mpaka hayaonekani, na mtu mwingine ameshaweka tofali.

Hatua ya 2: Kusanya karatasi, zako na za serikali

Za kwako unazijua: hati miliki au barua ya toleo, mkataba wa mauziano, risiti za kodi ya pango la ardhi, ramani ndogo iliyoambatishwa kwenye hati, kibali cha ujenzi kama kipo. Toa kopi, hati halisi iache nyumbani au benki.

Za serikali ndizo zenye uzito, na ziko sehemu tatu tofauti ambazo watu huzichanganya.

Kwa Msajili wa Hati unafanya sachi rasmi, yaani upekuzi wa daftari la umiliki. Hapo utajua jina lililosajiliwa ni la nani, kama kuna rehani ya benki, na kama kuna mtu ameshaweka zuio, yaani pingamizi la kiwanja kuuzwa au kuwekwa rehani. Usiridhike na maneno ya karani dirishani. Omba majibu ya maandishi.

Kwa upande wa Mipango Miji unatafuta mchoro wa mpango: matumizi ya eneo, barabara zilizochorwa, maeneo ya wazi. Kuna migogoro inayoishia hapa hapa, kwa kugundua kwamba kipande mnachogombania si cha yeyote kati yenu bali ni njia ya umma.

Kwa Upimaji na Ramani ndiko iliko ramani ya upimaji iliyoidhinishwa, pamoja na koodineti za kila kona, yaani namba zinazoonyesha kona hiyo iko wapi. Uliza mambo mawili kwa uwazi: namba ya ramani ya upimaji ya kiwanja hiki ni ipi, na je, ramani hiyo bado ni hai au ilifutwa na kupimwa upya? Swali la pili ndilo watu wanasahau. Unaweza kuwa na kopi safi kabisa ya ramani ambayo ilishafutwa.

Malipo yote ya ofisini yawe kwa kontroo namba. Anayekwambia "nitumie tu kwenye simu nikushughulikie" anakutengenezea kesi ya pili.

Ukiona upande wa pili unataka kuuza au kuweka rehani kiwanja wakati mgogoro haujaisha, weka zuio kwa Msajili wa Hati mapema. Sheria ya Usajili wa Ardhi, Sura ya 334, inaruhusu mwenye maslahi kwenye ardhi iliyosajiliwa kufanya hivyo.

Hatua ya 3: Isome ramani mwenyewe kabla ya kumwita mtaalamu

Huhitaji kuwa mpima. Ramani ya upimaji ina namba za kona, urefu wa kila upande, eneo kwa mita za mraba, na koodineti. Chukua mfano wa kubuni wa kona mbili:

Kona A: Mashariki 520 310.42, Kaskazini 9 245 118.07
Kona B: Mashariki 520 334.42, Kaskazini 9 245 125.07

Toa ya A kwenye ya B. Kwa Mashariki unapata 24.00, kwa Kaskazini 7.00. Zidisha kila moja kwa yenyewe: 576 na 49. Jumlisha: 625. Kipeo cha pili chake ni 25. Kwa hiyo kutoka A hadi B ni mita 25.00. Kama ramani yako imeandika mita 25.00 kwenye upande huo, mambo yanakubaliana. Kama imeandika 22.50, kuna kosa la uandishi au kuna karatasi imechezewa, na umelijua hilo ukiwa mezani kwako kwa kikokotoo cha simu.

Jambo moja la kujihadhari nalo ni hizi programu za simu. Mtu anachukua koodineti za ramani ya zamani, anaziingiza kwenye simu, simu inamwonyesha kiwanja chake kiko katikati ya shule ya jirani, anaanza vita. Ramani nyingi za zamani zilipimwa kwa mfumo wa koodineti wa Arc 1960. Simu inatumia WGS84, na upimaji wa sasa unafuata TAREF11. Namba zilezile zikisomwa kwenye mfumo usio wake zinapishana kwa takriban mita 300 uwandani. Hakuna aliyeiba chochote. Ni namba zimesomwa kwa kipimo kisicho chake. Na hata ukiweka mfumo sahihi, simu ya kawaida hukosea kwa mita kadhaa, zaidi ukiwa karibu na ghorofa au chini ya mwembe. Kwa mgogoro wa mita moja na nusu, simu haina la kusema.

Hatua ya 4: Pata mpima, na mumtafute wote wawili

Mpima halali ana usajili wa taaluma na leseni. Mwombe namba yake ya usajili na uihakikishe. Anaweza kuwa wa halmashauri au wa kampuni binafsi, lakini kazi yake lazima itegemee kumbukumbu rasmi na irudi kwenye mfumo rasmi. Kijana mwenye GPS ya mkononi aliyewahi kufanya kazi na mpima si mpima.

Ushauri wangu, na wengi huupuuza: gharama mchangie nusu kwa nusu na jirani. Mpima aliyelipwa na upande mmoja, hata akisema kweli tupu, upande wa pili utasema amenunuliwa. Nusu kwa nusu inaziba mdomo huo mapema. Jirani akikataa kuchangia, mwalike tu kwa maandishi, ili siku ya Barazani asije akasema hakujua. Barua haihitaji wakili:

"Shikamoo mzee. Naandika kuhusu mpaka wetu wa upande wa kusini wa kiwanja changu, ambao ni kaskazini mwa kiwanja chako. Ili tusije tukakorofishana, nimemwomba mpima aje Jumamosi saa mbili asubuhi afufue mawe mawili tunayoyachangia. Naomba uwepo, na kama una mpima wako, aje naye walinganishe vipimo. Nakala ya barua hii nimempelekea mwenyekiti wa mtaa."

Mpe mpima kazi kwa maandishi pia. Usimwambie "njoo unipimie kiwanja changu", maana atapima alichoonyeshwa. Mwambie: fufua mipaka (yaani rudisha alama zake mahali pake) ya kiwanja namba fulani kwa mujibu wa ramani ya upimaji namba fulani, onyesha maendelezo yote yaliyovuka mpaka kutoka upande wowote, na uandike taarifa. Hayo maneno "kutoka upande wowote" yana maana yake. Kuna watu wameita mpima kumshitaki jirani, wakagundua choo chao wenyewe ndicho kilichovuka.

Hatua ya 5: Siku ya kupima

Hapa ndipo kesi inaposhindwa au kushinda, kwa hiyo simama, angalia, uliza.

Mpima asianze na kona mnayoigombania. Aanze mbali, kwenye mawe ambayo hakuna mtu anayeyagombania: kona ya barabara, viwanja vitatu kushoto, viwili kulia, ng'ambo ya mtaa. Atafute angalau matatu yaliyobaki kama yalivyowekwa, ayapime, alinganishe umbali kati yao na ule ulioandikwa kwenye ramani. Yakikubaliana kwa tofauti ya sentimita chache, sasa ana msingi. Ndipo arudi kwenu.

Bikoni halisi, yaani hilo jiwe la mpaka, huwa ni nondo iliyosimikwa ndani ya zege, na juu ya zege kuna namba. Mara nyingi haijapotea, imefukiwa tu: mtu alimwaga kifusi, mwingine akapanda ukoka, mvua ikaleta udongo. Mpima akishaweka alama mahali inapotakiwa kuwa, chimbeni taratibu kwa eneo la mita moja hivi kuzunguka hapo, na msitumie sururu kwa hasira. Nimeona jiwe likitoka sentimita arobaini chini, namba ikisomeka vizuri, na mabishano ya miaka yakaisha palepale kwa kimya.

Kuna dalili za jiwe lililohamishwa. Zege lake ni jipya kuliko ya wenzake wa mtaa huohuo. Halina namba, au namba imeandikwa kwa msumari wakati zege bichi. Limelala upande. Udongo unaolizunguka ni laini wakati wa jirani ni mgumu. Na dalili kubwa kuliko zote ni ya hesabu: mawe yote ya mtaa yanakubaliana na ramani, isipokuwa hilo moja, ambalo limesogea mita 1.8 kuelekea upande ambao mtu fulani anafaidika. Kung'oa au kuhamisha alama ya mpaka ni kosa la jinai, lakini usikimbilie kumtaja mtu. Greda la barabara limehamisha mawe mengi kuliko majirani wabaya.

Wapima wana kanuni moja ambayo raia wengi huishangaa: jiwe la upimaji wa kwanza ambalo halijaguswa lina nguvu kuliko namba iliyoandikwa kwenye karatasi. Sababu ni kwamba upimaji wa kwanza uliweka jiwe ardhini, watu wakaliona, wakajenga kwa kulifuata. Karatasi ni kumbukumbu ya jiwe hilo. Kwa hiyo mpima akikuta jiwe safi sentimita nane kutoka mahali koodineti zinapoelekeza, hatakiwi kuling'oa ili "liwe sawa". Anatakiwa kulieleza kwenye taarifa yake.

Ukuta si mpaka. Michongoma si mpaka. Katika eneo lililopimwa, vyote hivyo ni ushahidi tu wa mahali mtu alipodhani mpaka upo. Kosa la kawaida kabisa mjini ni fundi kuanza kupima kwa tepe kutoka kwenye ukuta wa jirani badala ya bikoni. Ukuta wa kwanza ulikosea nusu mita, wa pili ukafuata, wa tatu ukafuata, na mwisho wa mtaa kuna mtu mmoja hana pa kuweka geti. Huyo ndiye anayeonekana mgomvi, wakati kosa limeanzia nyumba ya saba.

Kabla hamjatawanyika, kila aliyekuwepo asaini karatasi ya mahudhurio: nyie wawili, mpima, mwenyekiti au mjumbe. Kusaini mahudhurio si kukubali matokeo, na liandikeni hilo juu ya karatasi, maana wengi hukataa kusaini kwa hofu hiyo. Piga picha za kila bikoni iliyofufuliwa, tepe ikiwa imelazwa hadi kwenye kitu kisichohama, kama pembe ya nyumba.

Hatua ya 6: Taarifa ya mpima iwe ya kusomwa na asiye mpima

Mwenyekiti wa Baraza hajasomea upimaji. Taarifa inayosema "mipaka imefufuliwa kama ilivyo kwenye kiambatisho" haimsaidii yeyote. Hakikisha ina haya: namba ya kiwanja, kitalu na eneo, namba ya ramani iliyotumika na ilikopatikana, mawe yaliyokutwa na hali yake, moja moja, mawe yaliyokosekana na yalivyorudishwa, aina ya mashine na mfumo wa koodineti, nani walikuwepo, na mchoro unaoonyesha kwa vipimo nini kimevuka, kwa urefu gani na eneo la mita za mraba ngapi. "Ukuta wa Kiwanja 215 umeingia kwenye Kiwanja 214 kwa mita 1.20 upande wa barabarani na mita 0.35 upande wa nyuma" ni sentensi yenye thamani kuliko kurasa tano za maneno. Mwisho jina, namba ya usajili, saini na muhuri.

Taarifa nzuri haimwiti mtu mvamizi. Mpima akianza kuandika nani ana haki, amejiharibia, na wakili wa upande wa pili atafurahi.

Hatua ya 7: Kaeni mezani mkiwa na mchoro

Sasa mna kitu cha kuzungumzia. Kuna njia tatu za kawaida. Aliyevuka anabomoa na kurudi ndani, mara nyingi kwa muda mliokubaliana. Au aliyevukiwa anaridhia kuuza kile kipande. Au mnabadilishana vipande vinavyolingana.

Hizo mbili za mwisho haziishii kwenye kupeana mikono na fedha. Mpaka uliopimwa na kusajiliwa haubadiliki kwa mkataba wa ukurasa mmoja mbele ya mwenyekiti wa mtaa. Lazima mchoro wa Mipango Miji urekebishwe, kipande kikatwe na kuunganishwa kwa upimaji mpya, na hati zibadilishwe. Usipofanya hivyo, miaka kumi baadaye mtoto wa jirani atakuja na hati ya baba yake na mpima mpya, na mpima huyo atasema kweli.

Msipoelewana, nenda Baraza la Kata. Tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2021, Baraza la Kata haliamui tena kesi za ardhi, linasuluhisha tu. Usuluhishi ukishindikana linakupa cheti cha kushindwa kusuluhisha, na bila cheti hicho Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya halipokei shauri lako, isipokuwa siku 30 zimepita tangu ulipolifikisha Kata bila suluhu. Kijijini kuna pia Baraza la Ardhi la Kijiji, lenye watu saba, watatu wao wakiwa wanawake, ambalo nalo kazi yake ni kusuluhisha.

Hatua ya 8: Barazani

Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya husikiliza madai ya kurejeshewa mali isiyohamishika yenye thamani isiyozidi shilingi milioni 300. Zaidi ya hapo ni Mahakama Kuu. Na ukitaka kumshitaki au kumuunganisha halmashauri, kama ilivyo lazima mara nyingi kwenye kiwanja kilichogawiwa watu wawili, kuna notisi ya siku 90, Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima aunganishwe, na shauri linaanzia Mahakama Kuu. Watu wengi wamepoteza miaka kwa kuanzia wilayani na kutupiwa shauri nje.

Angalia pia muda: dai la kurejeshewa ardhi lina ukomo wa miaka 12.

Eleza ardhi yako kwenye maombi kiasi kwamba mgeni angeweza kuifikia. Kama imepimwa, taja namba ya kiwanja, kitalu na namba ya hati. Kama haijapimwa, taja majirani wa pande zote nne, ukubwa, na uambatishe mchoro wa mpima wenye koodineti. Kuna hukumu nyingi ambazo mtu ameshinda halafu zimeshindwa kutekelezwa kwa sababu hakuna anayejua ekari mbili zilizotajwa zinaanzia wapi.

Mpima wako lazima aje mwenyewe kutoa ushahidi na kuulizwa maswali. Taarifa iliyoachwa mezani bila mwandishi wake ni dhaifu. Pande mbili mkiwa na wapima wawili wanaopingana, omba Baraza limteue mmoja wa serikali aende uwandani mbele yenu wote.

Baraza lenyewe likiamua kutembelea eneo, kumbuka mwongozo ambao Mahakama ya Rufani iliutoa tangu mwaka 1980: pande zote ziwepo pamoja na mashahidi wanaohusika, yanayoonekana na kusemwa yaandikwe, na mkirudi barazani yasomwe mbele yenu ili mtoe maoni au pingamizi. Kama mwenyekiti alienda na upande mmoja tu, au kumbukumbu hazikusomwa, hiyo ni hoja nzito ya rufaa. Rufaa kwenda Mahakama Kuu ni ndani ya siku 45.

Kwenye swali la umiliki, Mahakama ya Rufani imeshasema kwamba mwenye hati iliyosajiliwa huchukuliwa kuwa mmiliki halali mpaka ithibitike kwamba hati haikupatikana kihalali. Na kiwanja kikigawiwa mara mbili, aliyetangulia kugawiwa kwa kawaida ndiye mwenye haki, ilimradi haki yake haikufutwa kihalali katikati. Ndiyo maana tarehe kwenye barua ya toleo ina thamani kuliko ukubwa wa nyumba iliyojengwa.

Kama ardhi haijapimwa

Huku ndiko waliko watu wengi, na huku mpima hana ramani ya zamani ya kurejea. Mpaka ni ule ambao watu waliukubali: minyaa, mkonge, mfereji, mwembe, jiwe la babu. Kilimanjaro ni masale, mmea uleule ambao Wachaga huutumia kuombea msamaha, na mtu anayefyeka masale ya jirani ukoo mzima utamjua. Kazi ya mpima hapa ni kuandika kwa koodineti kile ambacho majirani na wazee wanakionyesha, na lazima kionyeshwe na pande zote. Upimaji uliofanywa kimyakimya na upande mmoja hauthibitishi chochote zaidi ya mahali mtu huyo alipotembea.

Mikataba ya zamani huandika "hatua 70 kwa 70" ikimaanisha ekari. Ekari ni kama mita za mraba 4,047, yaani mraba wenye upande wa mita 63.6 hivi. Mtu mrefu mwenye hatua ya sentimita 90 atakupa mita 63 na ekari yako itakaribia kutimia. Aliyepima kwa hatua ya kawaida ya sentimita 75 atakupa mita 52.5 kwa 52.5, sawa na mita za mraba 2,756: robo tatu ya ekari haifiki. Kwa hiyo upungufu wa ekari peke yake si ushahidi kwamba jirani amekula ardhi yako. Angalia kwanza alama zilizotajwa kwenye mkataba; hizo ndizo muuzaji alizokuonyesha na hizo ndizo ulizonunua.

Urasimishaji au upimaji wa hati za kimila ukifika mtaani kwenu, siku ya kutambua mipaka uwepo mwenyewe. Usimwachie mpangaji wala shamba boi. Mchoro ukibandikwa ofisi ya mtaa, nenda ukauangalie na kama kuna kosa andika pingamizi hapohapo, kwa sababu baada ya ramani kuidhinishwa kurekebisha mita mbili kunaweza kuchukua mwaka.

Ukishashinda

Hukumu haisogezi ukuta. Omba kukaza hukumu, yaani itekelezwe, na kwenye maombi hayo ambatisha mchoro wa mpima ule ule uliopokelewa kama kielelezo. Siku dalali wa mahakama anapokuja kutekeleza, mpima awepo kabla yake, aonyeshe mstari kwa kamba na chokaa kutoka bikoni hadi bikoni, ili kinachobomolewa kiwe kile tu kilichotajwa. Dalali akivuka mstari na kubomoa ukuta uliokuwa halali, utakuwa wewe ndiye mdaiwa wa kesi inayofuata. Ukuta mpya ujengwe ndani ya mstari wako, ukiacha bikoni zikionekana, na nakala ya taarifa ya mpima ikae kwenye faili moja na hati.